Siku kumi na mbili nyuma ya Luchino Visconti: kutoka Milano hadi Ischia kwa reli na boti

Luchino Visconti aliongoza filamu ndefu 14, tamthilia zaidi ya 40 na opera takribani 20. Sifa iliyomfuata maisha yake yote ni kudai kitu halisi: kitambaa halisi, fedha halisi mezani, mvuvi halisi kwenye mashua yake mwenyewe. Ratiba hii inafuata alama zake kwa mpangilio wa ramani, wala si wa miaka, kwa hiyo tarehe zitaruka mbele na nyuma. Kila kituo kina swali lilelile la kubeba: hapa kipi kilikuwa halisi na kipi kilijengwa?

Kabla ya kuondoka. Mwenye pasi ya Tanzania, Kenya au Uganda anahitaji viza ya Schengen. Maombi hupokelewa kuanzia miezi sita kabla ya safari na yasiwe chini ya siku 15, pamoja na bima ya matibabu isiyopungua euro 30,000. Epuka wiki ya tarehe 15 Agosti, maana Waitaliano wengi wako likizo na maduka mengi yamefungwa. Usipange makumbusho Jumatatu, maana mengi hufungwa.

Siku ya 1. Milano

Treni kutoka uwanja wa ndege wa Malpensa hufika Milano Centrale. Usikimbilie hoteli. Simama kwanza chini ya paa kubwa la vioo na chuma, kwani hapa ndipo inapoanza filamu yake Rocco e i suoi fratelli (1960), mama mjane na wanawe wakishuka na mizigo yao usiku, wametoka Lucania kusini.

Visconti alizaliwa mjini humu tarehe 2 Novemba 1906, na alipenda kusema alitoka tumboni saa mbili usiku, saa pazia la jumba la opera la La Scala linapopanda. Baba yake alikuwa Giuseppe Visconti di Modrone, wa ukoo wa kimwinyi. Mama yake, Carla Erba, alitoka katika familia yenye kiwanda kikubwa cha dawa. Kwa ufupi, damu upande mmoja na pesa upande wa pili. Walikuwa watoto saba. Vitabu vya zamani vinakuelekeza Via Cerva, na wengi hupotea hapo, kwa sababu kipande kile cha barabara sasa kinaitwa Via Cino del Duca. Tafuta namba 8, karibu na kituo cha metro cha San Babila. Ndani huingii bila shughuli maalumu, basi ridhika na lango.

Jioni, La Scala. Familia ilikuwa na boksi lake humo, yaani kibanda chake cha kutazamia, na mtoto alikua akiona opera kama wengine wanavyoona mpira wa mtaani. Opera ya kwanza aliyoiongoza ilikuwa La vestale, tarehe 7 Desemba 1954, siku ya kufungua msimu, Maria Callas akiimba. La traviata ya Mei 1955 ndiyo iliyozua kelele. Lila De Nobili alichora mandhari na maleba, Visconti akaisogeza hadithi hadi miaka ya 1870 na kitu, halafu Callas, akiwa peke yake mwishoni mwa sehemu ya kwanza, akavua viatu na kuvirusha. Watazamaji wa zamani waliona ni utovu wa adabu. Mwishoni Violetta, mhusika wa Callas, alikufa amevaa koti na kofia, mtu aliyetaka kutoka nje mauti yakamkuta amesimama. Giuseppe Di Stefano, aliyeimba Alfredo, aliondoka baada ya onyesho la kwanza. Mazoezi yale hayakumpendeza.

Tiketi ya makumbusho ya La Scala inakuruhusu kuchungulia ukumbi kutoka boksi mojawapo, ila kukiwa na mazoezi jukwaani boksi hufungwa. Uliza kabla ya kulipa. Ukikosa asubuhi, rudi mchana.

Siku ya 2. Paa la Duomo, kisha Grazzano Visconti

Panda paa la kanisa kuu mapema, kabla jua halijawa kali. Kuna tiketi ya lifti na tiketi ya ngazi. Ngazi ni takribani 250, na anayepanda kwa miguu hulipa pungufu. Mabega na magoti yafunikwe, chupa za kioo ziachwe. Juu hapa, kati ya vinara vya marumaru, ndipo Rocco na mpenzi wake Nadia wanapoachana. Alain Delon na Annie Girardot walisimama hapa hapa. Tukio la mauaji ya Nadia, kwa upande mwingine, lilipangwa kupigwa Idroscalo, bwawa la mashariki mwa Milano. Wakuu wa mkoa walikataa kibali, na kundi zima likahamia ziwa Fogliano karibu na Latina, kusini mwa Roma. Anayekwenda Idroscalo kutafuta kona ile anajichosha bure.

Mchana chukua treni hadi Piacenza, kama saa moja hivi, halafu basi kilomita 15 kusini. Jumapili mabasi ni machache mno. Panga siku ya kazi. Tiketi ya karatasi ya treni ya mkoa lazima igongwe kwenye mashine ya stesheni kabla ya kupanda. Isipogongwa, kwa mkaguzi ni sawa na huna tiketi, na faini yake huzidi nauli mara nyingi.

Grazzano ni ufunguo wa safari yote. Ngome yake ni ya kweli, ya mwaka 1395. Kijiji kinachoizunguka sicho. Baba yake Luchino alikijenga mwanzoni mwa karne ya 20 kwa mtindo wa zama za kati: madirisha yenye ncha, michoro ukutani, mageti ya chuma yaliyofuliwa na mafundi waliofunzwa papo hapo. Sogea karibu na ukuta wowote uone: rangi imechujishwa makusudi ili ionekane kongwe. Mtoto aliyecheza kwenye vichochoro hivi alijua mapema kwamba uzee unaweza kutengenezwa, mradi fundi asidanganye kwenye vifaa, kwamba chuma kiwe chuma na jiwe liwe jiwe. Wanaomwita Visconti mtumwa wa uhalisia wangefaa kupita hapa kwanza.

Siku ya 3. Cernobbio

Kutoka Milano Cadorna, treni ya Como Lago huchukua saa moja. Usichanganye na Como San Giovanni, ambayo treni zake hutoka Centrale na kukuacha mbali na maji. Kutoka gati la Como, boti au basi, dakika kumi na tano.

Villa Erba ilikuwa ya ukoo wa mama yake. Leo ni kituo cha mikutano na maonyesho, kwa hiyo nyumba ya kale hufunguliwa kwa siku chache zilizotangazwa; mwezi Mei, wakati wa maonyesho ya magari ya kale, usithubutu hata kutafuta chumba. Hapa ndipo alipoletwa kupona baada ya kiharusi cha Julai 1972 kilichoukamata upande wake wa kushoto. Filamu ya Ludwig ilikuwa imepigwa lakini haijahaririwa. Meza ya kuhariri ililetwa nyumbani, na kazi ikaendelea mgonjwa akiwa ameketi.

Siku ya 4. Venezia

Treni ya kasi kutoka Milano hadi Venezia Santa Lucia ni kama saa mbili na nusu. Kituo cha kabla yake kinaitwa Venezia Mestre, ambacho kiko bara. Wageni wengi hushuka hapo wakisikia neno Venezia, wakajikuta kwenye maegesho ya magari. Tangu 2024 kuna siku za masika na kiangazi ambapo mgeni wa kutwa hulipa ada ya kuingia mjini. Anayelala halipi, lakini lazima ajiandikishe.

Senso (1954) inaanzia ndani ya jumba la opera la La Fenice, mwaka 1866, Venezia ikiwa bado chini ya Waaustria. Jukwaani wanaimba Il trovatore, na sauti ya tenori inapofika kileleni, vikaratasi vya rangi tatu za bendera ya Italia vinamwagwa kutoka ghorofa ya juu hadi vichwani mwa maafisa wa Austria. Kamera inazunguka ukumbi kwa utulivu, inaonyesha mapambo ya boksi, taa, dari, mapazia. Kumbuka picha hizo. Januari 1996 jumba liliteketea. Mafundi wawili wa umeme walipatikana na hatia ya kulichoma, kazi yao ikiwa imechelewa na faini ikiwanyemelea. Lilipojengwa upya na kufunguliwa mwishoni mwa 2003, filamu ya Visconti ilikuwa miongoni mwa kumbukumbu zilizotumika kujua rangi na mapambo yalivyokuwa. Kwa hiyo ukikaa leo katika kiti chekundu cha La Fenice, uko ndani ya jengo lililonakiliwa, kwa kiasi fulani, kutoka filamu yake.

Senso yenyewe ilizaliwa kwa shida. Mpiga picha wake, G. R. Aldo, alikufa katika ajali ya gari kabla kazi haijaisha. Robert Krasker akashika kamera, naye akaachia, Giuseppe Rotunno akamalizia. Tazama kwa makini na utaona mwanga haufanani toka mwanzo hadi mwisho.

Siku ya 5. Lido

Boti za njia ya 5.1 na 5.2 hutoka stesheni hadi Lido. Tiketi moja hudumu dakika 75. Ukipanga kupanda zaidi ya mara mbili, nunua ya siku. Kuanzia Oktoba hadi Januari maji yakijaa sana, boti hukatishwa njia kwa sababu hazipiti tena chini ya madaraja. Hapo hesabu nusu saa ya ziada.

Hotel des Bains ilipopigwa Morte a Venezia (1971) imefungwa tangu 2010. Unaiona nyuma ya uzio tu. Ufuo uko wazi, vibanda vya kubadilishia nguo viko safu kwa safu. Mhusika wa Dirk Bogarde alikufa kwenye kiti cha ufukweni hapa, rangi ya nywele ikimtiririka shavuni chini ya jua. Ile rangi inayeyuka polepole, na inasema zaidi kuhusu uzee unaojipaka ujana kuliko mazungumzo yoyote.

Siku ya 6. Ferrara, kisha Roma

Ferrara inatosha masaa matatu. Ossessione (1943) ilipigwa mjini humu, kwenye kingo za mto Po na Ancona. Chanzo chake kilikuwa riwaya ya Mmarekani James M. Cain, na haki hazikununuliwa, ndiyo maana Marekani haikuonyeshwa hadi miaka ya 1970. Anna Magnani ndiye aliyetakiwa kwanza. Alikuwa mjamzito, nafasi ikaenda kwa Clara Calamai. Mafashisti waliiharibu filamu, lakini Visconti alikuwa ameficha nakala ya negativu. Bila nakala ile, hakuna cha kusimulia.

Kwenda mtoni, chukua basi la Pontelagoscuro. Ni tambarare, ukungu na miti ya mipopla. Hakuna kibao wala sanamu. Treni ya Roma kupitia Bologna, masaa matatu.

Siku ya 7. Roma

Via Nazionale kuna Teatro Eliseo. Januari 1945, Roma ikiwa na miezi michache tu tangu Wajerumani waondoke, Visconti alianzia hapo uongozaji wa jukwaani kwa tamthilia ya Jean Cocteau. Akaendelea na Rina Morelli na Paolo Stoppa kwa miaka. Mwaka 1948 alileta As You Like It ya Shakespeare kwa jina la Rosalinda, akamwachia Salvador Dalí mandhari na maleba. Wandugu zake wa chama cha kikomunisti, waliotarajia uhalisia, walikodoa macho.

Ukomunisti wake haukuwa wa maneno. Mwaka 1944 alikamatwa na genge la Pietro Koch, lililofanya kazi ya mateso kwa niaba ya Wajerumani. Mwaka uliofuata, Koch alipopigwa risasi Forte Bravetta, Visconti alikuwepo na kamera.

Mchana, metro ya laini A hadi kituo cha Cinecittà. Studio iko mbele ya mlango wa kutokea. Ziara za ndani zina siku zake, na sehemu ikiwa na filamu inayopigwa huwekewa kamba. Hapa mtu wa vitu halisi alijenga mji mzima wa uongo. Kwa Le notti bianche (1957), mtaa wa Livorno wenye mfereji, madaraja na vibaraza ulisimamishwa ndani ya studio. Ukungu ndio wa kujifunza. Moshi haukai, unapanda, unatawanyika, na kila mara ukirudia tukio unakuta umebadilika. Wao walitundika mapazia makubwa ya tuli, kitambaa cha matundu madogo kama chandarua, kati ya kamera na nyumba za nyuma. Mwanga ukipigwa kwa pembe inayofaa, kitambaa hakionekani, kinachoonekana ni ukungu usiosogea. Mwanga ukikosea, unaona chandarua.

Siku ya 8. Ariccia, kisha treni ya usiku

Kutoka Anagnina, mwisho wa laini A, basi la Cotral hufika Ariccia. Nunua tiketi ya kurudi kabisa, kwani duka la sigara huenda likafungwa mchana. Palazzo Chigi ya hapa ndiyo vyumba vya ndani vya Donnafugata, makao ya mwinyi wa Sicilia katika filamu Il Gattopardo (1963). Kuta zake bado zina ngozi iliyopakwa nakshi na karatasi za kale. Burt Lancaster, aliyeigiza mwinyi huyo, anaposafiri kwa vumbi la Sicilia na kuingia nyumbani kwake, anavuka mlango mmoja na kutua hapa, karibu na Roma.

Usiku, treni ya kulala kutoka Roma Termini kwenda Palermo, kama masaa kumi na mbili. Chukua kitanda, si kiti. Villa San Giovanni, alfajiri, treni inakatwa vipandevipande kwa sababu reli zilizo ndani ya feri ni fupi kuliko treni yenyewe. Vipande vinasukumwa kimoja kimoja, vinapangwa ubavu kwa ubavu, mlango unafungwa. Kelele za chuma zitakuamsha. Shuka upande sitaha, lakini kumbuka namba ya behewa lako, maana mpangilio unaourudia si ule uliouacha. Upepo mkali Messina huchelewesha kila kitu. Siku hiyo usiweke miadi ya asubuhi.

Siku ya 9. Palermo

Piazza Croce dei Vespri, Palazzo Valguarnera-Gangi. Ni nyumba ya watu. Kuingia ni kwa miadi ya mapema, na bei si ya mkono mtupu.

Tukio la dansi la Il Gattopardo linachukua karibu robo ya filamu nzima. Lilipigwa humu wakati wa kiangazi, usiku hadi alfajiri, kwa kuwa mchana joto halikuvumilika. Waigizaji walivaa mavazi mazito ya Piero Tosi yenye korseti zilizokazwa. Mishumaa ilikuwa halisi, mingi kupita kiasi, nayo humaliza urefu wake bila kujali kwamba tukio bado. Mshumaa uliopungua vidole viwili kati ya picha moja na ijayo huonekana, kwa hiyo ilibidi ibadilishwe mara kwa mara, kazi ikisimama. Nta inadondokea mabega. Vioo vya ukumbi vinarudisha kamera ikielekezwa vibaya. Pesa zikayeyuka, na kampuni ya Titanus ikafika ukingoni mwa kufilisika, ingawa filamu ilirudi na Palme d'Or ya Cannes.

Inasimuliwa kwamba makabati ya mwinyi yalijazwa mashati ya hariri na vitambaa vya kweli, droo ambazo hazikufunguliwa mbele ya kamera. Sawa. Lakini katika toleo la Kiitaliano sauti ya mwinyi huyohuyo si ya Lancaster, ni ya Corrado Gaipa. Droo halisi, koo la kuazima.

Siku ya 10. Ciminna

Kama kilomita 40 kutoka Palermo, barabara ya kona. Kodi gari; basi lipo lakini la kurudi huondoka mapema. Kanisa kuu la mlimani ndilo kanisa la Donnafugata katika Il Gattopardo. Kasri la mwinyi lililokuwa kando yake uwanjani usilitafute. Ulikuwa uso wa jengo tu, umejengwa kwa ajili ya filamu na kubomolewa baadaye. Kanisa ndani ni lile lile, na viti vya kwaya vya mbao bado vipo, vile ambavyo familia ya mwinyi iliketi ikiwa imepauka kwa vumbi kama sanamu.

Siku ya 11. Aci Trezza

Basi la Palermo hadi Catania hupita barabara kuu kwa chini ya masaa matatu na ni la uhakika kuliko treni. Kutoka Catania, basi la mjini, kilomita kumi kaskazini.

Visconti alifika hapa Novemba 1947 akiwa na pesa za awali kutoka chama cha kikomunisti, na Francesco Rosi na Franco Zeffirelli kama wasaidizi. Alitaka filamu tatu, za bahari, mgodi na shamba. Ilitoka moja, La terra trema (1948), kutokana na riwaya ya Giovanni Verga. Waigizaji wote ni watu wa kijiji. Utaratibu ulikuwa huu: anawaeleza wavuvi hali ya tukio, anawauliza wangesemaje wenyewe, maneno yao yanaandikwa na kurudiwa hadi yakae. Walisema Kisicilia, na sauti ilinaswa papo hapo. Matokeo yake, Mwitaliano wa Milano hakuelewa neno, ikabidi iongezwe sauti ya msimulizi kwa Kiitaliano. Pesa za chama ziliisha mapema. Aliuza mali zake za familia kuendeleza kazi. Ilidumu miezi karibu sita.

Makumbusho madogo ya Casa del Nespolo yana chumba cha filamu hii. Huchukui nusu saa. Halafu shuka bandarini, miamba myeusi ya volkeno mbele yako, ndiyo ile wanawake wa filamu wanasimama juu yake wamejifunika shali nyeusi wakisubiri mashua.

Siku ya 12. Ischia

Ndege ya Catania hadi Napoli ni saa moja, treni ni kutwa nzima. Boti za kasi hutoka Molo Beverello, saa moja. Feri za magari hutoka Calata Porta di Massa, saa moja na nusu. Bahari ikichafuka, boti za kasi ndizo za kwanza kufutwa, feri nzito huendelea. Basi anza na Porta di Massa ukiona mawimbi.

Kisiwani, basi la CS huzunguka upande mmoja na CD upande mwingine. Shuka San Francesco, Forio, kisha panda kwa miguu msitu wa Zaro hadi La Colombaia, nyumba nyeupe ya Visconti yenye kingo za ngome. Filamu ya mwisho, L'innocente, aliiongoza akiwa kwenye kiti cha magurudumu. Alifariki Roma tarehe 17 Machi 1976, filamu ikaonyeshwa Cannes miezi miwili baadaye. Majivu yake yako bustanini hapa, chini ya mwamba, pamoja na ya dada yake Uberta.

Nyumba imefungwa na kufunguliwa mara kadhaa. Piga simu manispaa ya Forio kabla ya kuvuka bahari. Boti ya mwisho kutoka Forio huondoka mapema, hasa nje ya kiangazi. Ukiikosa, panda basi hadi Ischia Porto, feri za jioni zinatoka huko.